Mshono wa Fundi Pwaya

Mtaani kwao kulikuwa na mafundi cherehani wa kila namna. Alikuwapo wa kuahidi Ijumaa bila kutaja ya mwezi gani. Alikuwapo wa kurudisha kitambaa pungufu na kukuapia kwamba kimenywea chenyewe. Na alikuwapo mmoja, hodari kweli, ambaye kila gauni jipya lilivaliwa kwanza na mkewe kwenye sherehe za watu, ili, kama alivyoeleza, kuijaribu mishono. Huyu tunayemzungumzia hakuwa na tabia hizo. Alikuwa mwanamke mtulivu, mkweli wa siku na mwaminifu wa vitambaa. Kasoro yake ilikuwa moja tu, na kila aliyewahi kupitisha kichwa kwenye nguo yake aliijua: nguo zake zilipwaya. Ukimpelekea kitambaa cha sketi, ulirudi na sketi ambayo wewe na jirani yako mngeweza kuingia wote wawili mkaenda nayo dukani bila kukanyagana.

Wakamwita Fundi Pwaya. Kwanza kisogoni, baadaye usoni, na mwishowe akawa anaitika.

"Fundi Pwaya, hebu niambie ukweli," mama muuza vyombo wa duka la pili alimwuliza, amesimama katikati ya gauni lake kama nguzo katikati ya hema. "Hii nguo ni yangu au ni ya ukoo?"

"Utanenepa, bibi wee."

"Kwa umri huu? Mimi nakwenda kwa kupungua sasa hivi."

"Basi utakuwa unapumua."

Muuza vyombo alicheka hadi ikabidi ashike meza. Fundi hakucheka. Alikuwa hajatania.

Aliishi nyuma ya duka lake, pazia likigawa kazi na maisha. Pazia alilishona mwenyewe, kwa hiyo liliburuta sakafuni. Nyuma yake palikuwa na kitanda cha mtu mmoja, jiko, sufuria ndogo, na viti viwili. Cha kwanza alikalia yeye. Cha pili kilikuwa cha mgeni, lakini mgeni hakuja, na nguo zilizosubiri pasi zikakizoea mpaka zikaonekana ndizo zenye nyumba. Dukani alikuwa na sanamu la kuvalishia nguo, lisilo na kichwa. Kila asubuhi alilivuta mlangoni, akalifuta vumbi mabegani, akalisalimu. Jioni alilirudisha ndani na kuliambia siku imekuwaje. Tusimcheke. Wako watu wameolewa na wasikilizaji wabaya kuliko hilo.

Nguo moja tu hakukubali kushona, nayo ni gauni la harusi. Alisema macho yake hayawezi tena kazi ya kitambaa cheupe. Macho hayohayo yalitunga uzi kwenye sindano wakati giza linaingia, taa bado haijawashwa. Wateja waliliona hilo, wakanyamaza. Mtu anayekudanganya kwa adabu namna ile, unamwachia.

*

Ukweli ni kwamba zamani alikuwa fundi wa magauni ya harusi, na kiuno alichokishona yeye kilikaa kama kimemwagwa. Mabinti wa mtaa mzima waliolewa ndani ya mikono yake. Yeye mwenyewe hakuolewa. Mama yao alikufa mapema, akamwachia cherehani na mdogo wake wa kike, na kati ya kumlea huyu na kuiendesha ile, wachumba walipita nje ya duka kama watu wanaotafuta duka jingine.

Mdogo mtu alikua mrefu, mchangamfu, ulimi kama wembe. Akapata mchumba, kijana wa watu, mpole, mwenye shangazi wengi. Gauni, bila shaka, lilikuwa zawadi ya dada. Siku ya kulijaribu kwa mara ya mwisho duka lilijaa wanawake, wa huku na wa upande wa bwana harusi. Zipu ilipanda yenyewe kama inaitwa. Wakapiga vigelegele. Bibi harusi akajigeuza mbele ya kioo, akafurahi, na kama kawaida ya watu wenye furaha, akatafuta wa kumtania.

"Dada, vitambaa vilivyobaki usivitupe. Jishonee na wewe lako, uliweke. Huwezi kujua, hata vipofu nao siku hizi wanaoa!"

Duka lilicheka. Shangazi mmoja alicheka mpaka akajifuta machozi kwa ncha ya kitambaa cha dada mtu, kitambaa cha kazi. Dada mtu naye alicheka. Ilimlazimu, maana alikuwa na pini midomoni na wote wanamtazama.

Walipoondoka akabaki peke yake na gauni. Alilaza kiuno juu ya meza, akafumua mshono wa ubavu, akaubana ndani kidogo, huku na huku, akaurudishia nadhifu kuliko ulivyokuwa. Hakuwa na nia ya kuvunja harusi. Hilo tumwamini, kwani hata yeye baadaye alijaribu sana kutojiamini akashindwa. Alichotaka ni mdogo wake asimame kanisani akipumua kwa shida. Siku moja tu, apumue kama anavyopumua yeye.

Asubuhi ya harusi zipu ilipanda mpaka kiunoni ikakataa. Wakamwambia avute tumbo, akalivuta. Wakamlaza kifudifudi kitandani, wawili wakivuta huku na huku. Ikakataa. Chumba kilianza kunyamaza kona moja baada ya nyingine. Shangazi mkubwa wa bwana harusi, mwanamke aliyezoea kuhesabu vitu vya wengine, aliweka mikono kiunoni.

"Si juzi lilifunga hili?"

"Lilifunga," wakasema.

Akamgeukia fundi. "Mwanangu, wewe ndiye mwenye kazi. Hukukosea vipimo?"

Hapo ndipo mlango ulipokuwa wazi. Angeweza kusema, "Nimekosea." Neno moja, akafumua mshono, watu wakachelewa kanisani, wakacheka, wakasahau. Lakini kuna kiburi cha fundi ambacho hakilali hata fundi akiwa mwizi.

"Vipimo vyangu havidanganyi," akasema. "Kama gauni ni lilelile, basi kilichobadilika si gauni."

Hakujua amesema nini mpaka alipoona macho ya wanawake wote yakishuka, taratibu, kutoka usoni mwa mdogo wake hadi tumboni.

Upande wa bwana harusi waliomba muda kidogo, mambo yajulikane. Mambo yakajulikana: miezi ikapita, tumbo likabaki bapa kama meza. Ungedhani hapo watu watarudi na kuomba radhi. Hawakurudi. Walisema mimba ilikuwapo, ikatolewa, na tumbo bapa likawa ushahidi mbaya kuliko tumbo kubwa. Yule kijana mpole alitafutiwa mwingine. Mdogo mtu alilia mapajani mwa dada yake usiku mwingi, na dada yake akampapasa kichwa, akamwambia nyamaza, Mungu yupo. Kisha binti akafunga sanduku, akaenda mji wa mbali kuwa matroni wa bweni la wasichana. Hakuolewa naye. Siku za sikukuu walipigiana simu.

"Hujambo, dada?"

"Sijambo. Huko mvua ipo?"

"Ipo. Huko?"

"Huku bado."

Kwa miaka mingi hawa wawili hawakuwa na ndugu mwingine duniani, na walichojua zaidi mmoja juu ya mwenzake ni hali ya hewa.

*

Tangu hapo hakushona tena nguo ya kubana. Mkasi wenyewe ulikataa. Kila alipoweka chaki pembeni mwa kiuno cha mtu, mkono ulisogea nje, na ukasogea tena nje.

Kanisani alikuwa wa kwanza kufika. Alishonea kwaya majoho bila malipo, nayo yalikuwa majoho ya imani kubwa. Waimbaji walipoinua mikono, mstari wa nyuma haukuonekana. Alipenda hasa ile sehemu ya ibada ambapo watu hupiga magoti na kutubu kimyakimya. Wengine walimaliza dhambi zao za wiki haraka, wakakaa. Yeye alibaki chini mpaka wimbo unaanza. Alikuwa na dhambi moja, na kila Jumapili aliileta ileile, kama mtu anayefua shati moja maisha yake yote na halivai. Mchungaji mzee alimsifu kwa unyenyekevu. Yule mzee alipostaafu akaletwa kijana mwembamba, mcheshi, na joho la mtangulizi wake likamfikia mwilini kama urithi wenye ugomvi. Akaja nalo dukani.

"Mama, nisaidie. Nikigeuka kwenda madhabahuni, mimi nafika, joho linafuata baadaye. Nipunguzie hapa ubavuni."

Fundi alilipokea, akaliweka mezani, akashika chaki. Akasimama hivyo. Mchungaji aliona chaki haishuki, akadhani ni uzee, akasema kwa upole hata kesho si neno.

"Siwezi kubana nguo ya mtu," fundi akasema.

"Hujui?"

"Najua sana."

Na kwa kuwa kijana yule hakujaza kimya kwa mstari wa mahubiri, bali alihamisha tu rundo la nguo kwenye kiti cha pili akakaa, fundi alimsimulia yote, toka kwenye pini midomoni hadi macho yaliyoshuka. Hakuwahi kumsimulia mtu. Hata sanamu hakuliambia.

Mchungaji alisogeza kiti mbele. "Umemwomba Mungu msamaha?"

"Kila Jumapili."

"Na hakukusamehe?"

"Kama alinisamehe, mbona sikusikia?"

"Labda cherehani ilikuwa inalia." Aliona hachekwi, akakunja uso. "Samahani, mama. Nisikilize. Mimi naamini alikusamehe siku ya kwanza, ukiwa bado hujainuka magotini. Wewe ukamrudia na ileile, na ileile. Unajua kwa nini unarudi kwake? Kwa sababu kwake ni karibu. Na hapigi kelele."

"Sasa niende kwa nani?"

"Lile gauni hakulivaa Mungu, mama. Alilivaa mdogo wako."

Fundi aliikasirikia kauli hiyo kwa siku kadhaa. Alimwona kijana hana heshima, akasema vyuo vya siku hizi vinafundisha maneno ya mkato. Alilipiga joho pasi, akamrudishia bila kulipunguza. Kisha Jumapili ilifika, watu wakapiga magoti kutubu, naye akapiga, akafumba macho, akafungua mdomo wa moyo kuileta ileile, na akakuta hana la kumwambia Mungu. Hakuona giza wala adhabu. Alijiona tu kama mtu aliyesimama kwenye dirisha lisilo lake, na karani akamwonyesha kwa kidole, kwa subira, lile la pili. Aliinuka kabla ya wenzake. Kesho yake akapanda basi.

*

Mlinzi wa shule alimtazama juu chini.

"Unamtaka matroni? Wewe nani kwake?"

"Dada yake."

"Dada yake? Hajawahi kusema ana dada."

"Na kusema hana, amewahi?"

Mlinzi alifikiri, akafungua geti.

Alimkuta mdogo wake stoo ya mashuka, funguo kiunoni, miwani imesukumwa kwenye mvi. Mvi! Kwenye simu mvi hazisikiki. Walitazamana. Wakakumbatiana kwa namna ya watu wanaoogopa kukunjana nguo.

"Dada! Kuna msiba?"

"Hakuna."

"Unaumwa?"

"Siumwi."

"Basi shika hapa, maana haya yanatakiwa kabla ya jioni." Akamtupia ncha mbili za shuka.

Kukunja mashuka ni kazi ya watu wawili. Mnaachana mpaka kitambaa kinyooke, mnasogeleana mpaka vidole vigusane, mmoja anachukua ncha za mwenzake, mnaanza tena. Fundi alianza kusema wakiwa wameachana. Alisema wakisogea, akasema wakiachana. Hakusema "shetani alinipitia", ingawa njiani alikuwa ameliandaa. Alisema, "Nilikibana kiuno cha gauni lako mimi. Kwa mkono wangu, ulipokwisha kulijaribu. Na shangazi aliponiuliza, nikasema vile nikijua ni mimi."

Shuka lililegea. Mdogo mtu alikuwa ameachia upande wake.

"Rudia."

Akarudia.

"Kwa nini?"

"Ulinitania. Mbele ya watu. Ulisema nijishonee langu, kwamba hata vipofu wanaoa."

"Mimi nilisema hivyo?"

"Ulisema."

Mdogo mtu alitafuta kichwani mwake kwa bidii, kama anayetafuta funguo. "Sikumbuki," akasema. "Wallahi sikumbuki kabisa." Na hilo likaonekana kumuumiza kuliko mengine. Sauti ikapanda. "Niliacha kula! Unajua? Ili watu wasione tumbo. Tumbo lisilo na kitu! Nilidhani nilinenepa. Miaka yote nilidhani mwili wangu mwenyewe ndio ulionisaliti. Nililia mapajani kwako!"

"Ndiyo."

"Na ukanipapasa kichwa!"

"Ndiyo."

"Huku unajua!"

"Huku najua, mdogo wangu."

"Na sasa umekuja nikusamehe ukalale vizuri."

Fundi aliinama, akaokota shuka, akalikung'uta. "Ukinisamehe nitashukuru. Lakini nimekuja ujue. Mwili wako haukuwa na kosa lolote. Gauni ndilo lilidanganya."

"Toka," mdogo mtu akasema. Halafu, fundi alipofika mlangoni: "Usiende mbali. Kaa pale nje. Nikikutazama sasa nitasema kitu ambacho kesho itanibidi mimi ndiye nije kwako kwa basi."

Alikaa kwenye benchi la ukutani, mkoba mapajani. Wasichana walipita na ndoo zao, wakamsalimu, "Shikamoo, bibi," wakaenda wakinong'ona. Ndani kulisikika milango ya makabati ikifungwa kwa nguvu isiyohitajika. Aliogopa. Lakini ilikuwa hofu mpya, yenye watu ndani yake. Ile ya zamani alikuwa nayo peke yake. Hakuomba kitu. Alisema tu moyoni, "Upo," akatulia, na hakuna cherehani iliyolia.

Jua lilikuwa limeinama mdogo mtu alipotoka. Macho yamevimba. Akakaa mwisho mwingine wa benchi, kati yao nafasi ya mtu mnene.

"Nimezungumza na Mungu," akasema akitazama mbele. "Ananiambia nikusamehe."

"Umemjibu nini?"

"Nimemwambia anisubiri."

"Amekubali?"

"Ana tabia ya kukubali. Ndiyo inayoudhi."

Kengele ya sala ya jioni ikalia. Matroni akainuka, akashusha miwani, akapangusa uso kwa kiganja. "Njoo. Kaa nyuma. Na usiimbe, sauti yako naikumbuka."

Ukumbi ulinukia sabuni na maharage. Fundi aliketi kwenye benchi la mwisho kati ya wasichana wawili wadogo waliojibana kumpa nafasi. Mbele, matroni aliongoza sala kama anavyoiongoza kila siku, mstari wake kwanza, wasichana nyuma yake, kwa ile kasi ya watu wanaoijua sala kuliko wanavyoisikia. Wakafika pale ambapo mtu humwomba Mungu amsamehe makosa, na mara hiyohiyo huahidi kwamba naye amewasamehe waliomkosea. Matroni aliusema upande wa kwanza. Wasichana wakaurudia. Kisha hakusema kitu.

Wasichana walisubiri. Mmoja alikohoa. Wengine wakafumbua jicho moja. Ukimya uliendelea mpaka ukawa na uzito, na msichana wa mstari wa mbele, mwenye bidii, akafungua mdomo kumsaidia matroni kwa kuwa pengine amesahau. Matroni akainua mkono kumzuia. Hakuwa amesahau. Kule nyuma fundi hakuinua kichwa. Hakujua kama atausikia mstari ule leo, au mwakani, au kaburini, na kwa mara ya kwanza hakujaribu kuukisia.

Halafu matroni aliusema. Haraka, kwa sauti iliyokwaruza, kama anayemeza dawa chungu kabla hajabadili mawazo. Wasichana wakaurudia kwa furaha, wamefunguliwa.

Baada ya amina ukumbi ulijaa makelele ya wasichana. Matroni alishuka kati ya mabenchi, akiwakemea hawa na wale, mpaka akafika nyuma. Akasimama. Hakumkumbatia dada yake, wala hakumshika mkono.

"Nimeusema," akasema. "Sijui kama umeniingia wote. Kesho nitausema tena, tuone."

"Kesho nipo?"

"Kuna kitanda chumba cha wagonjwa. Godoro ni baya." Akatazama pembeni. "Umekula?"

"Bado."

"Basi twende kabla hawa hawajamaliza."